Kwa ripota anayehamia dokumentari, kamera ndiyo shida ndogo

Mhariri,

Tunaomba nafasi kidogo. Waandishi wa habari za nje wanaoacha ripoti za kila siku na kuingia kwenye dokumentari wamekuwa wengi, na imezuka dhana kwamba ripota aliyezunguka Mogadishu, Moroni na Cabo Delgado tayari ana nusu ya filamu mkononi: ana kamera, ana pasipoti iliyojaa mihuri, na hababaiki akisikia risasi. Tunaoandika hapa ni wapigapicha, mafundi wa sauti na wahariri wa filamu tunaofanya kazi Mombasa, na dhana hiyo tunaipinga. Ripota anajua mambo matatu ambayo mhitimu wa chuo cha filamu huchukua miaka kuyapata: kuthibitisha jambo kabla ya kulisema, kupata watu wa kumfungulia milango ugenini, na kutulia mambo yakiharibika. Huo ni mtaji wa kweli. Lakini anapokwama, ni nadra kukwama kwenye picha. Anakwama kwenye sauti, kwenye karatasi na kwenye meza ya kuhariri, na kote huko kinachomponza ni zoea moja la chumba cha habari: kutaka kazi iishe kabla ya taarifa ya saa moja jioni.

Tutazame kwanza hadithi yenyewe. Chukua kesi za maharamia wa Kisomali zilizosikilizwa hapa kwetu, ambazo mwaka 2010 zilitengewa ukumbi maalumu wa mahakama pale Shimo la Tewa. Kwa habari, kesi kama hiyo ni sekunde 90: washtakiwa wakishuka garini, jina la meli, miaka waliyofungwa, ripota amesimama mbele ya lango. Ukiirefusha hadi dakika 52 utapata taarifa ya habari iliyochosha. Filamu inataka mtu anayetafuta jambo, kizuizi kilicho mbele yake, na muda wa kutosha wa kamera kuona jambo hilo likimbadilisha. Pengine ni mkalimani wa mahakama, anayelazimika kusema kwa sauti yake maneno asiyoyaamini. Pengine ni wakili aliyepewa wateja wasioweza kumlipa. Ukishampata mtu, jiulize: miezi sita ijayo atakuwa akifanya nini ambacho kamera inaweza kukiona? Kama jibu ni kwamba atakuwa anasimulia yaliyopita, ulicho nacho hadi sasa ni mahojiano tu.

Mahali pia papunguzwe. Sebastian Junger na Tim Hetherington, wote wawili waandishi wa vita kabla ya kuongoza filamu, walikaa na kikosi kimoja cha Marekani katika bonde moja la Afghanistan, Korengal, ndani ya kipindi cha miezi 15 ambacho kikosi hicho kilikuwa huko. Filamu yao, Restrepo, iliyotoka mwaka 2010, haina majenerali wala wachambuzi wa kuieleza vita. Ripota wa habari za nje huona shida sana kufanya hivyo, kwa sababu kazini alifundishwa kumpa kila upande sekunde zake.

Sasa sauti, ambayo tungependa ichukue nusu ya barua hii kama ungeturuhusu. Picha inayotikisika mtazamaji huivumilia. Sauti yenye mwangwi au mkwaruzo humfanya atafute rimoti. Ripota amezoea maiki ya mkononi, karibu kabisa na mdomo, na maiki hiyo husamehe mengi. Kwenye dokumentari haitakiwi kuonekana. Kwa hiyo unabana maiki ndogo kwenye nguo, sentimita 15 hadi 20 chini ya kidevu, na unaweka nyingine ndefu juu ya kichwa cha msemaji, nje kidogo ya fremu, nusu mita au pungufu. Zote mbili zirekodiwe, kila moja kwenye njia yake. Rekodi kwa 48 kHz na biti 24, vilele vya sauti viguse karibu −12 dB, na kama kifaa chako kina njia ya akiba, yaani rekodi ya pili ya sauti ile ile, ishushe desibeli 10 ili mtu akicheka ghafla sauti isipasuke. Sauti iliyorekodiwa chini kidogo huinuliwa. Iliyopasuka haina dawa.

Mombasa ina maadui wa sauti wanaojulikana. Buibui na shela za kitambaa cha nailoni hukwaruza maiki kila msemaji anapogeuza shingo. Dawa yake ni vipande viwili vya plasta ya hospitali vilivyokunjwa pembetatu, gundi nje, maiki ikikaa katikati yake ili kitambaa kishikane nayo badala ya kuisugua. Na waya upigwe kitanzi kidogo chini yake, usije ukavutwa. Kwa mwanamke, anayeivisha maiki awe mwanamke mwenzake. Ripota anayefika na wanaume watupu kwenye nyumba ya Mji wa Kale ataishia kuhojiana na wajomba barazani.

Nyumba hizo za mawe ya matumbawe zina kuta nene zinazozuia kelele za tuktuk, ila dari ziko juu na sakafu haina kitu, kwa hiyo sauti hurudi. Tandika mkeka, simamisha godoro moja nyuma ya kamera na tundika blanketi ubavuni, nje ya fremu. Pangaboi lizimwe, na friji pia. Wenzetu wengi huweka ufunguo wa gari ndani ya friji waliyoizima, wasije wakaondoka na kuacha samaki wa watu wakiharibika. Joto likizidi, simameni kila baada ya dakika 20, washeni pangaboi, kunyweni maji, kisha endeleeni. Anayelazimisha saa nzima bila upepo mwezi wa Februari atapata uso unaong'aa jasho na majibu ya mtu anayetaka kwenda zake.

Adhana inahitaji ratiba. Misikiti ya mjini haianzi kwa sekunde ile ile, hivyo sauti hukaa hewani dakika kadhaa, na adhana iliyo chini ya jibu moja ikikatwa ghafla kwenye jibu linalofuata inafichua kila mkato. Ikianza, simama, ni adabu na pia ni ufundi. Ikiisha, rudia swali tangu mwanzo, usimwombe msemaji aendelee alipoachia, kwa sababu sentensi ya nusu haiungi. Adhana yenyewe irekodi peke yake, tangu mwanzo hadi mwisho, kutoka juu ya dari. Utaihitaji. Kunguru hawana ratiba, na kwao hatuna ushauri wowote ila kuhojiana chumba cha ndani.

Nje, upepo wa kusi ndio mwenye nchi kuanzia Aprili hadi karibu Oktoba, na ufukweni sifongo nyeusi inayokuja na maiki haifui dafu mbele yake. Unahitaji kifuniko cha manyoya marefu, na kwa maiki ndefu kikapu chake kamili. Vinunuliwe kabla ya lenzi ya pili. Tena, kabla ya kuondoka mahali popote, nyamazeni wote na rekodini dakika moja ya ukimya wa mahali hapo. Ukimya wa chumba cha Kibokoni si sawa na wa chumba cha Kisauni, na bila dakika hiyo mhariri hana cha kuziba pengo kila anapofuta kikohozi.

Mahojiano nayo yanabadilika. Ripota husema "mm", "ndiyo", "sawa" ili kumtia moyo msemaji. Kila "mm" hiyo inakaa juu ya neno ambalo utalitaka baadaye. Tikisa kichwa, funga mdomo. Mwombe msemaji aingize swali ndani ya jibu, kwa kuwa sauti yako itaondolewa: ukimuuliza aliondoka Kismayu lini, asijibu "mwaka 2009", aseme "Niliondoka Kismayu mwaka 2009." Jibu likiisha, hesabu hadi tano kimoyomoyo kabla ya kuuliza lingine, maana mara nyingi jambo lenyewe hutoka kwenye sekunde ya nne. Badilisha ukubwa wa fremu kati ya maswali, kamwe si katikati ya jibu. Na mahojiano yasizidi thuluthi ya picha zako. Zilizobaki ziwe za watu wakifanya kazi: shikilia fremu sekunde 10 kabla tendo halijaanza na 10 baada ya kuisha, kisha upate mikono, uso, kile anachokitazama, na mahali pote kwa upana. Mpigapicha wa habari hukata kamera mtu anapomaliza kusema, na hapo ndipo uso unapoanza kueleza.

Kuhusu mwanga tutakuwa wafupi, maana ripota mzuri anaujua. Umeme wetu ni wa hezi 50, kwa hiyo piga fremu 25 kwa sekunde na shata, yaani muda ambao kila fremu hupokea mwanga, iwe 1/50. Simu nyingi huja zimewekwa fremu 30 na shata hujipanga karibu na 1/60, na chini ya taa za mirija au LED za bei rahisi utaona mistari inayopanda na kushuka. Simu hizo pia hubadilisha kasi ya fremu zenyewe, na baada ya dakika chache mdomo na sauti vinaachana. Picha zote za simu zigeuzwe kuwa fremu 25 zisizobadilika kabla hazijaingia kwenye programu ya kuhariri. Jua letu la saa sita liko karibu utosini na macho yanakuwa mashimo meusi, kwa hiyo kazi ya nje ifanyike kabla ya saa tatu asubuhi au baada ya saa kumi na nusu. Ukitaka shata ibaki 1/50 kwenye jua kali huku lenzi ikiwa f/4 na ISO 100, unahitaji kichujio cha ND, yaani kioo cheusi cha kupunguza mwanga, cha hatua tano, kila hatua ikiupunguza kwa nusu. Ukipiga kwa mfumo wa logi, ule wa picha iliyofifia ambayo rangi yake hurekebishwa baadaye, unaoanzia ISO 800, hatua nane. Mtu mweusi mbele ya ukuta mweupe wa chokaa apimiwe mwanga usoni, ukuta ujitegemee. Kamera ikitoka kwenye chumba chenye eya kondishena, iache ndani ya mfuko uliofungwa nusu saa, la sivyo lenzi itajaa umande. Na usiku ilale kwenye sanduku lenye vifuko vya silika jeli vya kunyonya unyevu, kwa sababu kuvu la lenzi hupenda hewa ya pwani kuliko watalii.

Halafu kuna hesabu ambayo wengi hawaifanyi. Habari ya dakika mbili hutoka kwenye picha za nusu saa. Filamu ya dakika 52 hutoka kwenye saa 60 hadi 100. Kamera inayorekodi megabiti 100 kwa sekunde hula gigabaiti 45 kwa saa, hivyo saa 60 ni terabaiti 2.7, na kwa kuwa nakala ziwe tatu, ni terabaiti 8.1 za diski. Nakala mbili zikae kwenye diski tofauti, ya tatu ikae nyumba nyingine, ikiwezekana mji mwingine. Usiburute mafaili kwa mkono. Tumia programu inayonakili na kuhakiki kila faili, kisha ndipo ufute kadi. Zoea la ripota ni kutuma kipande kilichohaririwa, kisha kufuta kadi usiku ule ule ili kesho iwe tupu. Filamu nyingi zimepoteza tukio lake bora kwa namna hiyo.

Karatasi ndizo zinazoua filamu iliyokwisha kutengenezwa. Kadi ya Baraza la Vyombo vya Habari la Kenya inakutambulisha kuwa mwanahabari, lakini haisimami mahali pa leseni ya kupiga filamu. Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, inadai leseni kwa filamu ya kuonyeshwa hadharani, na filamu ikiisha inapitiwa na Bodi ya Kuainisha Filamu na kupewa daraja. Ndani ya Fort Jesus unahitaji barua ya Makavazi ya Kitaifa. Bandarini na kwenye kivuko cha Likoni, ya Halmashauri ya Bandari, na usijaribu "kuiba" picha mbili tatu ukiwa ndani ya feri, maana utakaa kituo cha polisi siku nzima na mtu wako wa filamu ataogopa kuonekana nawe tena. Droni ina kanuni zake za mwaka 2020 chini ya mamlaka ya usafiri wa anga; isajili, omba kibali, au iache nyumbani. Barua zote zipelekwe mapema, kila moja ikiwa na tarehe, mahali, idadi ya watu na orodha ya vifaa pamoja na namba zake. Vibali vikipatikana, mjulishe chifu na mzee wa mtaa hata kama sheria haikulazimishi. Msikitini unaomba kwa kamati, na kwenye sherehe za wanawake kamera haiingii, uwe na kibali gani.

Zito zaidi ni swali la nani mwenye picha. Ripota huwa na diski zilizojaa picha alizopiga miaka kumi kwa ajili ya shirika la ng'ambo, na huzihesabu kuwa zake. Sheria yetu ya Hakimiliki ya mwaka 2001 inasema kazi iliyoagizwa, au iliyofanywa katika ajira, hakimiliki yake huhesabiwa kuwa imehamia kwa aliyeagiza au mwajiri, isipokuwa makubaliano yawe yameweka vingine. Mikataba ya mashirika ya nje aghalabu huenda mbali zaidi na kuchukua hata picha ghafi. Mohamed Amin, Mkenya ambaye picha zake za njaa ya Korem, Ethiopia, zilirushwa na BBC tarehe 23 Oktoba 1984, alizipiga akiwa mtu wa Visnews, shirika la picha za habari. Lakini pembeni alikuwa na kampuni yake mwenyewe, Camerapix, aliyoianzisha Dar es Salaam mwaka 1963, na kwa kampuni hiyo alitoa vitabu na filamu. Hilo ndilo la kuigwa. Kabla ya kusaini safari ijayo, ripota aombe kifungu kimoja kiongezwe: kwamba picha ambazo hazikurushwa atapewa leseni ya kuzitumia kwenye dokumentari yake, bila malipo, bila kikomo cha nchi wala muda. Kabla ya safari wanakubali mara nyingi. Baada ya safari watakuuzia picha zako mwenyewe kwa sekunde.

Ununuzi wa picha za kumbukumbu una mitego yake. Bei hutegemea nchi, miaka na aina ya maonyesho, na mashirika mengi huweka kiwango cha chini, hata kama unataka sekunde nne tu. Leseni ya matamasha peke yake ni rahisi, lakini runinga ikiitaka filamu mwaka unaofuata utarudi kulipa tena. Uliza bei zote siku ya kwanza na uziandike kwenye mkataba kama haki ya kununua baadaye kwa bei hiyo. Kwenye mkato wa kwanza, yaani filamu inapounganishwa mara ya kwanza, kila picha ya kumbukumbu iwe na namba ya chanzo iliyoandikwa juu yake. Mhariri anayeokota kipande mtandaoni "kwa muda" hukipenda, na mwisho wa kazi hakuna anayejua kilitoka wapi.

Muziki una haki mbili: ya wimbo wenyewe, yaani mtunzi na mashairi, na ya rekodi. Taarabu ya zamani inayosikika kwenye redio ya mkahawa nyuma ya msemaji inazidai zote mbili, na pia inamzuia mhariri kukata popote. Omba redio izimwe. Wenye mkahawa hawakatai ukiagiza chai ya kutosha.

Ridhaa ya wahusika ndiyo ripota anaifanya vibaya zaidi, kwa sababu kwake mtu akikubali kuzungumza mbele ya maiki amekubali. Kwenye filamu mtu atakuwa nawe mwaka mzima, atasema mambo siku ya huzuni ambayo siku ya furaha angeyaficha, na filamu itabaki ikionyeshwa watoto wake wakiwa wakubwa. Fomu itaje filamu, trela, picha za matangazo, mtandao na nchi zote. Isomwe kwa lugha ya mhusika, aliyeitafsiri naye asaini, na ridhaa irekodiwe pia kwenye kamera. Fomu za kurasa nne za Kiingereza zinazotumwa na runinga za nje zinamlinda wakili wa runinga tu. Bibi wa Kigiriama aliyebonyeza kidole gumba hapo chini hakukubali kitu. Ridhaa ya pili itafutwe mkato ukiwa tayari, kabla picha hazijafungwa, yaani kabla ya kukubaliana kwamba hakuna mkato utakaobadilishwa tena. Sheria ya Kulinda Data ya mwaka 2019 inampa mtu nafasi ya kuondoa ridhaa yake, na kwa mtoto unahitaji ya mzazi au mlezi. Kuhusu pesa, msimamo wetu ni huu: maneno hayanunuliwi, lakini mvuvi aliyeacha kwenda baharini kwa ajili yako alipwe siku yake, nauli na chakula, na iandikwe kwenye daftari la hesabu. Waandishi wengi wanaona huko ni kuchafua habari. Sisi tunaona kumfanyisha mtu kazi wiki tatu bure ndiko kunakochafua.

Na yule mwenyeji anayemtembeza ripota ugenini, anayemtafutia gari, mkalimani na mlango wa nyuma, kwenye habari hulipwa kwa siku na jina lake halisikiki. Kwenye filamu kazi hiyo hiyo ni ya mtafiti au mtayarishaji mwenza. Aandikwe hivyo, na kwenye mkataba pia.

Ukivuka mpaka, andikisha vifaa kwa forodha wakati wa kutoka, pamoja na namba za kila kifaa, usije ukatozwa ushuru wa kamera yako mwenyewe pale uwanja wa ndege wa Moi. Betri za lithiamu huingia nawe ndani ya ndege, hazipakiwi kwenye mzigo. Zidisha volti kwa ampea-saa upate wati-saa: betri ya volti 14.8 na ampea-saa 6.6 ni wati-saa 98, iko chini ya kikomo cha 100. Kati ya 100 na 160 unahitaji ruhusa ya shirika la ndege na mwisho ni mbili. Zaidi ya hapo abiria hasafiri nazo. Katika begi la kifuani kuwe na mkanda wa kufungia damu, na kila mmoja katika timu ajue kuufunga akiwa gizani. Hetherington, tuliyemtaja, aliuawa Misrata, Libya, tarehe 20 Aprili 2011, na alikufa kwa kuvuja damu kutokana na jeraha la mguu. Junger akaanzisha mafunzo ya huduma ya kwanza kwa waandishi wa kujitegemea kwa sababu hiyo hiyo. Runinga ikikupa kazi bila kuuliza habari ya mafunzo hayo wala bima, hiyo si runinga ya kuifanyia kazi ya vita.

Tuingie chumba cha kuhariri. Saa moja ya mahojiano huchukua saa nne hadi sita kuiandika yote. Mahojiano ya saa 32, kwa wastani wa saa tano, ni saa 160 za kuandika, yaani siku 20 za kazi za saa nane, na bado hujatafsiri. Jambo hilo haliko kwenye bajeti za maripota wanaotuletea kazi, wanakuja na "tunajua tulichopata." Hawajui. Msemaji wa Kidigo, Kisomali au Kikomoro akikatwa na mhariri asiyeielewa lugha, mkato huangukia katikati ya neno. Mkalimani akae pembeni ya mhariri wakati wa mikato mikubwa, na msemaji mwingine wa lugha hiyo, asiyehusika na kazi, aitazame filamu kabla ya picha kufungwa. Maandishi ya tafsiri yasizidi mistari miwili, herufi 42 kila mstari, na yakae muda wa kusomeka: herufi 17 kwa sekunde ndio mwisho.

Mkato wa kwanza huwa wa saa tatu na huwa mbaya. Uwe hivyo. Uunganishe bila sauti ya msimulizi kabisa, kwa kuwa ripota ana mazoea ya kueleza kwa maneno kile ambacho macho yanakiona. Halafu onyesha watu watano wasioijua hadithi, na usiwaulize kama wameipenda. Waulize walichoka wapi na walipotea wapi. Hapo ndipo unapoandika sentensi za msimulizi, na ziwe zile tu ambazo picha haiwezi kuzisema: mwaka, mahali, sheria inasemaje. Ile picha ya ripota mwenyewe akitembea ufukweni akitafakari tunaishauri itolewe, tukijua tutakorofishana. Picha zikifungwa zimefungwa. Kubadilisha sekunde mbili baada ya hapo kunavuruga sauti, rangi na tafsiri kwa pamoja, na mafundi wote watatu watalipisha upya, na wana haki.

Mchanganyiko wa sauti wa runinga za Ulaya upimwe −23 LUFS, kipimo cha ukubwa wa sauti ya filamu nzima. Urefu uamuliwe mapema: nafasi ya saa moja ya runinga ni kama dakika 52, na kwa kanuni za Oscar filamu ya dakika 40 au pungufu ni fupi, ikizidi ni ndefu. Filamu ya dakika 44 ni fupi mno kwa nafasi hiyo na ndefu mno kwa kundi la filamu fupi.

Fedha zipo, ila ni za wenye subira: mfuko wa Docubox ulioko Nairobi, mfuko wa Bertha wa tamasha la dokumentari la IDFA kule Amsterdam, na soko la Durban FilmMart ambako watayarishaji hukutana na runinga. Wote wanataka vitu vinavyofanana, yaani andiko la filamu, bajeti, mpango wa fedha na kipande cha dakika tatu hadi tano. Kipande hicho kionyeshe mhusika akifanya jambo. Ripota hupeleka trela yenye muziki wa kutisha na milipuko, na wasomaji wa maombi wameziona mia. Kwenye bajeti weka fungu la dharura la asilimia 10, na usisahau leseni za kumbukumbu, uandishi wa mahojiano, tafsiri na bima ya makosa, yaani ya kesi zinazoweza kufunguliwa juu ya filamu, ambayo runinga nyingi za nje haziwezi kurusha filamu bila hiyo.

Filamu ikiisha, isiwekwe YouTube wiki ile ile ili jamaa waione. Matamasha mengi hutaka onyesho la kwanza, na runinga hutaka filamu ambayo haijazagaa. Tamasha la filamu la ZIFF la Unguja liko karibu nasi na ni mahali pazuri pa kuanzia kwa filamu ya mwambao. Jamaa wapewe kiungo chenye neno la siri, na kila mtu apewe lake, ili kikivuja ujue kimevujia kwa nani.

Wapigapicha, mafundi wa sauti na wahariri wa filamu,
Mombasa